Jacquard: Mfumaji Aliyeziandikia Mashine Amri

Ukimwuliza mwanachuo wa kompyuta baba wa fani yake ni nani, atakutajia Charles Babbage. Mwingine atakutajia Alan Turing. Mimi naomba nirudi nyuma kidogo, kwa Mfaransa ambaye hakukanyaga chuo, aliyefilisika akiwa kijana, akampoteza mwanawe vitani, na ambaye kazi iliyompa jina aliikamilisha akiwa na miaka zaidi ya 50. Huyu ni Joseph Marie Jacquard. Nimemchagua kwa sababu kila anayekaa leo mbele ya kompyuta akachora umbo, akaliwekea kasi na nguvu, kisha akabonyeza kitufe na mashine ya leza ikaanza kukata plaiwudi, anafuata utaratibu uleule ambao mzee huyu aliufanya uwe wa kawaida duniani. Na maswali yaliyowatesa watu wa mji wake ndiyo yanayotusubiri sisi tukishavua majoho.

Nyumba ya wafumaji

Jacquard alizaliwa tarehe 7 Julai 1752 katika mji wa Lyon, Ufaransa. Kwa ukoo aliitwa Charles; Jacquard lilikuwa jina la kubandikwa la tawi lao, likaganda hadi likawa jina la mashine na la kitambaa. Lyon ulikuwa mji wa hariri. Mapazia ya makasri na nguo za wakubwa yalifumwa huko, kwenye vyumba vya mafundi. Baba yake alikuwa mmoja wa mafundi hao. Mama yake alikuwa na kazi ambayo wengi wetu hatujawahi kuisikia: msomaji wa michoro.

Nieleze kidogo, maana hapa ndipo penye kiini cha habari. Kitambaa kina nyuzi za aina mbili. Zilizotandazwa kwa urefu ni mtande, na unaopitishwa kwa upana ni mshindio. Ukiinua nyuzi za mtande kwa zamu sawa, unapata kitambaa kitupu kisicho na ua. Ukitaka ua, ndege au jina la mtu litokee, basi kila unapopitisha mshindio lazima uchague nyuzi zipi ziinuke na zipi zilale. Aliyewahi kumtazama bibi akisuka ukili wa mkeka wenye nakshi analijua jambo hili. Mkono unahesabu, moja juu, mbili chini, tena moja juu. Hesabu ikipotea mara moja, ua zima linapinda.

Sasa kitambaa cha hariri kina nyuzi za mtande kwa mamia na maelfu. Hakuna kichwa cha kukariri hayo. Mchoraji alichora ua kwenye karatasi ya miraba, kila mraba ukiwa mahali ambapo uzi na uzi vinakutana. Msomaji, kama mama yake Jacquard, aliisoma karatasi hiyo mstari kwa mstari na kuihamishia kwenye kamba za kitanda cha kufumia. Mfumaji alipoanza kazi, msaidizi wake, mara nyingi mtoto, alivuta kamba hizo kwa mpangilio, mshindio baada ya mshindio, kutwa nzima. Kazi ilikuwa nzito na ya polepole, na kosa la mvuta kamba lilibaki kwenye hariri.

Kwa hiyo ua moja lilihitaji watu wanne: wa kuchora, wa kugeuza mchoro kuwa amri, wa kutekeleza amri, na wa kupitisha uzi. Tuwashike hao wanne, tutakutana nao tena kwenye leza.

Miaka ya kuhangaika

Joseph hakupata shule ya maana. Mama yake alifariki yeye akiwa bado mtoto, na aliyemfundisha kusoma ni shemeji yake, mchapishaji na muuza vitabu. Baba alipofariki mwaka 1772, kijana alirithi mali kidogo, akaingia kwenye biashara, na biashara zikamshinda. Mwaka 1778 alimwoa Claudine Boichon, mjane aliyekuwa na chake. Madeni yakala urithi wake na yakala pia mali aliyokuja nayo mkewe. Mwaka uliofuata wakapata mtoto wa kiume.

Mapinduzi ya Ufaransa yalipofika, Lyon uliasi serikali ya Paris, na mwaka 1793 mji ukazingirwa na jeshi. Jacquard alikuwa miongoni mwa waliopigana kuulinda. Mji ulipoanguka, alitoroka na mwanawe, na wote wawili wakaishia kwenye jeshi la Mapinduzi lenyewe. Kijana akauawa vitani. Baba akarudi Lyon peke yake, umri unamwishia, hana mtaji.

Ni baada ya hapo ndipo alipoanza kuunda mashine. Mwaka 1801 alipeleka kitanda chake cha kufumia kwenye maonyesho ya Paris akapata nishani ya shaba. Kisha akatengeneza mashine ya kufuma nyavu za samaki, na kazi hiyo ikamfanya aitwe Paris, kwenye taasisi ya sanaa na ufundi iliyokuwa ikihifadhi mashine za zamani. Huko alikikuta kitanda cha Jacques de Vaucanson, kilichotengenezwa miaka ya 1740 na kuachwa kikila vumbi.

Hapa nataka kuwa mkweli kwa niaba ya marehemu, kwa sababu sisi wanachuo tunapenda sana hadithi ya mtu mmoja aliyeota usiku na kuamka na uvumbuzi. Haikuwa hivyo. Tangu mwaka 1725, Basile Bouchon, mtu wa Lyon, alikuwa ametumia karatasi yenye matundu kuchagua nyuzi. Miaka michache baadaye Jean-Baptiste Falcon akabadili karatasi hiyo kuwa kadi zilizoungwa moja kwa nyingine. Vaucanson akaondoa mvuta kamba na kuufanya uchaguzi ujiendeshe. Jacquard alichofanya ni kuyaweka yote pamoja kwenye kifaa kimoja kinachokaa juu ya kitanda cha kawaida. Hiyo ilikuwa mwaka 1804. Hata hapo mashine ilisumbuasumbua, hadi fundi mwingine, Jean Antoine Breton, aliporekebisha mwendo wa kadi karibu mwaka 1815. Jina likabaki la mmoja, jasho lilikuwa la wengi.

Tundu na pasipo tundu

Kifaa chenyewe ukikielewa hutakisahau. Kila uzi wa mtande, au kundi dogo la nyuzi, umefungwa kwenye kulabu. Kila kulabu ina sindano yake iliyolala. Kadi ngumu inakuja na kuzigonga sindano zote kwa mpigo. Penye tundu, sindano inapita, kulabu inabaki mahali pake, na upau unapopanda unaibeba pamoja na uzi. Pasipo tundu, sindano inasukumwa, kulabu inakwepa upau, uzi unalala. Mshindio unapita. Kadi inayofuata inazunguka na kushika zamu. Kadi moja, mstari mmoja wa kitambaa. Kadi zimeshonwa kwa kamba kama mnyororo, na mnyororo ukiisha unarudi mwanzo, ua linajirudia.

Mvuta kamba hana kazi tena. Ukitaka ua jingine, kitanda unakiacha vilevile, unabadili kadi tu.

Sasa njoo kwenye karakana ya chuo, kwenye ile mashine yenye kifuniko cha rangi ambayo wakati wa mahafali haipumziki. Mwenzetu ana picha ya mzazi wake, anataka kuitia nakshi kwenye ubao wa sentimita 6 kwenda juu. Programu inaipokea picha na kuivunja vitone. Kichwa cha leza kinakwenda kushoto na kulia, kikiwaka penye kitone cheusi na kuzimika penye cheupe, kisha kinashuka kidogo na kuanza mstari mwingine. Ukiweka nafasi ya milimita 0.1 kati ya mstari na mstari, picha hiyo ina mistari 600. Kwa hesabu za Lyon hizo ni kadi 600, zimekaa ndani ya faili moja la kubeba kwenye flashi.

Kukata ni tofauti kidogo. Hapo programu haitaki vitone, inataka mistari ya vekta, yaani njia ya kufuata. Unachora kwenye programu kama Inkscape, ambayo ni ya bure, au moja kwa moja kwenye ile inayoendesha mashine kama LightBurn. Kila rangi ya mstari unaipa tabaka lake: nyeusi itiwe nakshi, ya bluu ikatwe matundu ya ndani, nyekundu ikatwe umbo la nje mwisho kabisa. Mpangilio huo una sababu. Ukianza na umbo la nje, kipande kinadondoka au kinasogea, na kila kitakachofuata kinakwenda mrama.

Programu ikimaliza, inaandika amri. Kwenye mashine ndogo nyingi amri hizo zinasomeka hata kwa macho, kwa mfano G1 X40 Y25 F1200 S600. Maana yake: nenda kwa mstari ulionyooka hadi milimita 40 upande huu na 25 upande ule, kwa kasi ya milimita 1,200 kwa dakika, nguvu ikiwa 600 kati ya 1,000 kama mashine imepangwa hivyo. Lugha hii ilitokana na mashine za kukereza chuma. Mwaka 1952, watafiti wa MIT kule Marekani walionyesha mashine ya namna hiyo ikiendeshwa kwa namba, na namba hizo zilikuwa zimetobolewa kwenye utepe wa karatasi. Matundu tena, miaka karibu 150 baada ya Jacquard.

Wale watu wanne wa Lyon bado wapo. Mchoraji ni wewe. Msomaji wa michoro, kazi ya mama yake Jacquard, ni programu inayogeuza mchoro kuwa amri. Mvuta kamba ni mota na vioo. Mpitisha uzi ni mwale wenyewe.

Mashine haijui

Kuna jambo watu wa Lyon walilijua mapema: kadi haina akili. Ukitoboa tundu pasipotakiwa, kitanda kitainua uzi pasipotakiwa, mara elfu, bila kulalamika. Mvuta kamba mzoefu angeweza kusita na kuuliza. Kadi haiulizi.

Na leza haiulizi. Ukiiwekea plastiki ya PVC itaikata kama inavyokata akriliki, huku ikitoa gesi yenye asidi inayoumiza mapafu na kuila mashine kutu. Ukichora tundu la milimita 3 kamili ili ubao wa milimita 3 uingie, utalegea, kwa sababu mwale wenyewe una upana na unakula sehemu ya ubao kila unakopita. Upana huo wa mkato, ambao mara nyingi ni sehemu ndogo ya milimita, lazima uupime kwenye ubao ulionao na kuutoa kwenye mchoro.

Nimekaa karakana muda wa kutosha kuona aina mbili za wanachuo. Wa kwanza anaingia na swali moja tu: jamani, nguvu ngapi, kasi ngapi? Anataka namba kama anavyotaka desa la mtihani. Akipewa namba za plaiwudi ya jana, analazimisha kwenye MDF ya leo. Wa pili anakata kwanza gridi ya miraba midogo kwenye kipande cha taka, kila mraba na kasi na nguvu yake, anautazama, anaunusa, anaugeuza, kisha anachagua. Wa pili huchelewa dakika kumi za mwanzo. Baadaye haombi namba kwa mtu. Breton alikuwa wa aina hiyo ya pili, na bila yeye huenda leo tusingekuwa tunamtaja Jacquard.

Nani alikula faida?

Kadi zilishinda. Napoleon alitembelea Lyon mwaka 1805, na serikali ikaifanya mashine hiyo kuwa mali ya umma. Jacquard akapewa pensheni ya faranga 3,000 kwa mwaka pamoja na faranga 50 kwa kila mashine kwa kipindi maalumu. Kwa lugha ya leo tungesema mashine iliwekwa wazi, kila fundi akaruhusiwa kuiunda. Ikaenea kwa maelfu ndani ya miaka michache. Kwenye mtaa wa Croix-Rousse nyumba zilijengwa na dari za karibu mita 4 ili kifaa kile kipate nafasi juu ya kitanda.

Wapo waliomchukia. Zinasimuliwa hadithi nyingi za mashine kuvunjwa hadharani na za mzee kunusurika kutupwa mtoni. Hofu yao ilikuwa ya kweli, kwa sababu kazi ya kuvuta kamba ilikufa. Lakini naomba mwenzangu utazame kilichofuata, maana ndicho kinachotuhusu.

Mafundi wa Lyon walimiliki vitanda vyao. Mashine ilikuwa chumbani kwao, karibu na kitanda cha kulalia. Wasichomiliki ni vitu vitatu: hariri, mchoro na soko. Hivyo vilikuwa mikononi mwa wafanyabiashara, ambao walimletea fundi nyuzi na mchoro, wakachukua kitambaa, wakamlipa kwa kipimo cha alichofuma. Mashine iliongeza kasi. Bei ya kipimo ikashuka. Novemba 1831 mafundi walidai bei ya chini kabisa iwekwe kwa makubaliano. Wafanyabiashara walipoikataa, mafundi waliinuka, wakaushika mji kwa siku kadhaa, hadi jeshi likaletwa kuwanyamazisha. Aprili 1834 wakainuka tena, na damu nyingi ikamwagika. Kosa si la kadi, na mafundi hao walilijua hilo. Walichogombea ni bei.

Jacquard alikufa Agosti mwaka huohuo wa 1834, huko Oullins, nje kidogo ya Lyon, akiwa na nishani ya heshima ya taifa na pensheni yake. Mwaka 1840 mji ukamsimamishia sanamu.

Mwaka mmoja kabla ya sanamu hiyo, mfumaji Michel-Marie Carquillat alifuma picha yake kwa hariri, laini hivi kwamba ukiiona kwa mbali utadhani imechapwa. Ilihitaji kadi zipatazo 24,000. Babbage aliipata nakala yake na kuionyesha kwa wageni nyumbani kwake London. Alikuwa ameshaamua kuwa mashine yake kubwa ya hesabu itasoma kadi za matundu, na Ada Lovelace mwaka 1843 aliandika maelezo marefu akiilinganisha mashine hiyo na kitanda cha Lyon. Mwaka 1890 Herman Hollerith akatumia kadi za matundu kuhesabu watu wa Marekani. Mengine mnayasoma darasani.

Sisi na mashine yetu

Kwa nini nimeyaandika haya kwenye gazeti la wanafunzi? Kwa sababu karibu na mahafali naona wenzetu kibao wanauza vishikio vya funguo, ngao na vibao vya majina kutoka kwenye mashine ileile. Mwanzoni bei ilikuwa nzuri. Baadaye kila mmoja akawa anapakua faili lilelile la bure, anabadili jina la mteja, anakata. Bidhaa zikafanana, na kilichobaki cha kushindania ni nani atashusha bei zaidi. Mwisho wake mtu anauza kwa kiasi kinachotosha dakika za mashine na ubao tu, jasho lake ni bure. Mshkaji mmoja aliniambia suluhisho ni kusubiri boom na kuchanga wanunue mashine yao. Nikamkumbuka fundi wa Croix-Rousse, mwenye mashine chumbani na njaa mezani.

Sisemi msinunue mashine. Nunueni. Ninachosema ni kwamba mashine inampa nguvu yule aliye na mchoro na anayekubaliana bei, na hayo mawili hayaji kwenye boksi pamoja na mota. Michoro tunayo. Milango ya Mji Mkongwe ina nakshi ambazo ukizikalisha kwenye karatasi ya miraba zinageuka vekta safi. Mikeka ya bibi zetu ni amri za moja juu mbili chini, tayari kabisa kwa kufuatwa mstari kwa mstari. Chora mwenyewe, weka jina lako kwenye faili, na hifadhi faili la asili kando na lile la kukatia, ili mteja akirudi mwakani na ubao mwingine uweze kubadili upana wa mkato bila kuanza upya.

Na bei tuizungumze. Serikali ya wanafunzi ina kamati za kila kitu, hadi za michezo ya bao. Wanaotumia karakana wanaweza kukaa alasiri moja wakakubaliana bei ambayo hakuna atakayeuza chini yake, wakahesabu dakika za mashine, ubao, na saa za kuchora. Saa za kuchora hasa, kwa sababu ndizo zinazosahauliwa. Mafundi wa Lyon walilazimika kuliomba jambo hilo kwa watu wasiotaka kusikia. Sisi tuko chumba kimoja, tunafahamiana kwa majina, na mahafali yajayo hayako mbali.